Uso Umeumbwa na Haya: Sura za Wasanii na Marafiki katika Filamu za Majaribio

Kiswahili kina neno moja, sura, lenye kazi mbili. Twasema sura ya mtu, maana yake uso wake na namna aonekanavyo. Tena twasema sura ya kitabu, maana yake fungu moja la habari lenye mwanzo wake na mwisho wake. Wajuao asili ya maneno watatukumbusha kuwa katika Kiarabu hayo ni maneno mawili mbalimbali, nasi tumeyatamka kwa sauti moja hata yakawa kama kitu kimoja. Na iwe hivyo. Kwa shauri ninalotaka kulieleza hapa, mchanganyiko huo una faida. Nataka kunena juu ya filamu ambazo uso wa mtu ndiyo habari yote: uso unaoanza, unaoendelea, na unaokwisha mbele ya macho yetu kama fungu la kitabu.

Filamu hizo zilitengenezwa kwa wingi New York, na kwa uchache penginepo, hasa katika miaka ya 1950 na 1960. Waliozitengeneza waliacha visa vya kubuni na waigizaji wa kulipwa, wakaelekeza kamera kwa watu waliowajua: washairi, wachoraji, waimbaji, watengenezaji filamu wenzao, na pengine mama zao. Chombo chenyewe kilisaidia. Kamera ya utepe wa milimita 16 huchukuliwa mkononi. Mtu mmoja aweza kuitia utepe, kupima mwanga, na kupiga picha bila msaidizi. Kamera kubwa za viwanda vya sinema zilidai kundi la mafundi, na mbele ya kundi la mafundi mtu hawezi kukaa kama akaavyo na rafiki yake. Kwa hivyo udogo wa chombo ulifungua mlango ambao ukubwa wake ulikuwa umeufunga.

Husemwa aghalabu kuwa sura iliyo bora ni ile inayomfunua mtu, yaani inayomvua alivyojivika na kutuonyesha alivyo. Kauli hii huvutia, nami niliiamini kwa muda mrefu. Sasa naona kuwa si kweli, au ni kweli nusu. Wahenga wetu walisema kuwa uso umeumbwa na haya. Hawakusema kwamba uso umefunikwa na haya, kana kwamba ni kitambaa kinachoweza kuvuliwa. Walisema umeumbwa nayo. Ikiwa wamesema kweli, basi mwenye kuondoa haya usoni pa mtu hapati uso ulio safi zaidi, bali hupata uso ulioharibika. Nadhani filamu hizi zapasa kupimwa kwa jinsi kila mtengenezaji alivyoitendea haya ya rafiki aliyekaa mbele yake.

Tuanze na Andy Warhol, kwa kuwa jina lake lajulikana zaidi. Baina ya mwaka 1964 na 1966, katika chumba chake cha kazi kilichokuwa katika mtaa wa East 47th mjini New York, aliwakalisha watu mbele ya kamera mmoja mmoja. Filamu hizo huitwa Screen Tests, na zilizosalia, kama zilivyoorodheshwa na mtaalamu Callie Angell katika kitabu chake cha mwaka 2006, ni 472. Kanuni zake zilikuwa chache. Mtu hukaa akimulikwa na taa kali. Kamera imesimama wala haisogei. Huambiwa aitazame, asitikisike, na akiweza asipepese macho. Utepe wa futi 100 ukisha, na sura imekwisha.

Kuna jambo moja la ufundi ambalo bila kulifahamu hatuwezi kuzielewa filamu hizi. Zilipigwa kwa mwendo wa picha 24 kwa kila sekunde, lakini zilikusudiwa kuonyeshwa kwa picha 16. Utepe wa futi 100 una picha zipatazo 4,000. Kwa hivyo kilichochukua sekunde 167 mbele ya kamera huchukua sekunde 250 mbele ya watazamaji. Dakika tatu kasoro zimekuwa dakika nne na ushei. Ongezeko hilo si kubwa kiasi cha kuonekana kuwa ni mchezo wa mashine, walakini latosha kubadili kila kitu. Kope hushuka na kupanda kwa uzito. Mate yakimezwa, twaiona safari yake yote kooni. Mtu aliyedhani amekaa kimya aonekana ana shughuli nyingi usoni.

Chanzo kimoja cha sura hizi kilikuwa kijitabu cha polisi wa New York chenye picha za watu 13 waliotafutwa sana kwa uhalifu. Mwaka 1964 Warhol alizikuza picha za namna hiyo juu ya ukuta wa jengo katika Maonyesho ya Dunia mjini humo, nazo zikafunikwa kwa rangi kabla Maonyesho hayajafunguliwa. Kisha akakusanya baadhi ya sura zake za filamu kwa hesabu ileile, vijana 13 walio wazuri kupita wote na wanawake 13 walio wazuri kupita wote. Mkao ni mmoja: mhalifu na mrembo wote wawili wametazamishwa mbele, na wote wawili wanangoja kuhukumiwa.

Katika wote waliokaa mbele ya kamera ile, Ann Buchanan ndiye aliyetii amri kuliko wengine. Mwaka 1964 alikaa bila kutikisika, akayaacha macho wazi, wala hakuyapepesa. Baada ya muda macho yakaanza kujaa, chozi likashuka, likafuatwa na jingine, na uso wenyewe haukubadilika. Mtazamaji hutaka sana kujua analilia nini. Hakuna analolilia. Jicho lililonyimwa kope hujitafutia maji lenyewe. Hiyo ni kazi ya mwili wala si habari ya moyo. Lakini hebu tufikiri. Je, tumeona siri yake? La. Tumemwona akilinda uso wake kwa nguvu zake zote, na chozi likapita katikati ya ulinzi huo bila ruhusa. Tuna hakika ya jambo moja tu, nalo ni ujasiri wake. Mfano huu watosha kuonyesha kwamba hata mbele ya kamera iliyo kali kupita zote kinachostahili kutazamwa ni haya ikifanya kazi yake.

Wengine walitafuta mahali pa kujificha. Jane Holzer alipiga mswaki. Lou Reed alivaa miwani myeusi akanywa Coca-Cola. Sura hizo zafurahisha, ila zasahaulika upesi zaidi, kwa maana mtu aliyepewa shughuli amepewa ukuta wa kusimama nyuma yake. Na Warhol mwenyewe yuko wapi? Sifa yake ni kwamba aliwapa wote utepe uleule: mshairi mashuhuri hakupewa dakika nyingi kuliko mpita njia asiyejulikana. Hiyo ni haki, lakini ni haki ya mizani, na mizani haina rafiki. Aliyekaa kitini pale aliachwa peke yake na mashine, ajitetee awezavyo.

Mwaka 1966, katika mji uleule, Gregory Markopoulos alifanya kazi iliyo kinyume. Filamu yake, Galaxie, ina sura zipatazo 30 za wasanii na marafiki, kila moja ikiwa na muda wa utepe mmoja mdogo. Wamo W. H. Auden, Jasper Johns, Jonas Mekas, Allen Ginsberg na Susan Sontag. Hao wawili wa mwisho walikaa pia mbele ya kamera ya Warhol, nasi tuna bahati ya kuweza kulinganisha. Markopoulos hakukata wala kuunga utepe baada ya kupiga. Alitunga yote ndani ya kamera: alipiga kidogo, akarudisha utepe nyuma, akapiga tena juu ya picha ya kwanza, hata uso mmoja ukalala juu ya mwingine, na mkono ukapita katikati ya paji la uso. Kwa kazi ya namna hii kosa moja haliwezi kufutwa. Pamoja na nyuso aliweka vitu ambavyo wenyewe walivithamini, navyo vyaonekana na kutoweka kama mawazo yapitayo. Hakuna mazungumzo, mlio wa kengele tu ndio unaozitenga sura hizi.

Ginsberg wa Warhol ni mtu aliyesimamishwa; Ginsberg wa Markopoulos ni mtu anayekumbukwa. Na hivyo ndivyo tunavyowakumbuka rafiki zetu kwa kweli. Nikimfikiri rafiki yangu simwoni akinitazama kwa dakika nne bila kupepesa. Naona ukingo wa shavu, namna ya kushika kikombe, kitabu kilichokuwa mezani pake, vyote kwa pamoja wala si kwa zamu. Haya ya mtu imehifadhiwa hapa kwa kuzidishiwa pazia. Ila pana hatari ya upande wa pili. Pazia zikiwa nyingi mno, mwenye uso huweza kupotea, tukabaki tukisifu ustadi wa mkono ulioshona. Katika baadhi ya sura za Galaxie nimeona hivyo: zapendeza sana, na lau ungebadilisha jina la aliyepigwa, pengine tusingeligundua.

Kwa hivyo yatupasa kumtafuta mtu aliyekwenda baina ya njia hizo mbili. Mimi namwona katika Margaret Tait, Mskoti mwenyeji wa visiwa vya Orkney, aliyezaliwa mwaka 1918 na kufa mwaka 1999. Alikuwa daktari, akatumikia jeshi katika Vita vya Pili vya Dunia, kisha akajifunza sinema Roma mwanzoni mwa miaka ya 1950. Mwaka 1952 alipiga filamu fupi ya mama yake, Portrait of Ga; Ga lilikuwa jina la mama huyo nyumbani. Filamu haifiki dakika tano. Mama avuta sigara, atembea njiani penye upepo, na mara moja akaa kufungua peremende iliyong'ang'ania karatasi yake. Tait ameitazama mikono ile ya kizee ikibandua karatasi taratibu, bila haraka na bila hasira, mpaka peremende imetoka. Hakuna zaidi ya hilo. Nami kila nilipoitazama filamu hii nimeona kuwa nimemjua mama yule kuliko wengi ambao nimesoma habari zao katika vitabu vikubwa.

Mbona iwe hivyo? Kwa sababu mama hakutakiwa kuonyesha kitu. Kamera imemkuta katika shughuli iliyokuwa yake, si kama Jane Holzer, ambaye mswaki wake ulikuwa ngao. Tena Tait huuacha uso mara kwa mara. Huenda kwenye mkono, kwenye nyasi, kwenye mbingu iliyo juu ya njia, kisha hurudi. Katika heshima za watu jambo hili lajulikana vema: rafiki akishikwa na simanzi au haya, hatumkodolei macho; twatazama pembeni kidogo tukimngoja, wala hatuondoki. Tait ameifanya adabu hiyo kuwa ufundi wa kamera.

Mwaka 1964 alimpiga Hugh MacDiarmid, mshairi mkubwa wa Uskoti, ambaye jina lake la kuzaliwa lilikuwa Christopher Murray Grieve. Mzee huyo alikuwa amevuka miaka 70, na umaarufu wake ulitokana na mashairi na vilevile na ugomvi. Aligombana na watu wengi, na kwa ulimi mkali. Msanii mwingine angemweka nyuma ya meza yenye vitabu ahutubu. Tait amtuonyesha akitembea juu ya ukingo wa njia, mguu mbele ya mguu, akijipima asianguke, kama mtoto atokaye shule. Mchezo ule hauwezi kuamriwa. Mtu hachezi mbele ya polisi, wala hachezi mbele ya mashine iliyoachwa peke yake. Huchezea mbele ya mtu anayemwamini. Basi tunapomtazama mshairi juu ya ukingo ule twaona watu wawili, yeye na asiyeonekana aliyeshika kamera. Aina hii ya sinema, ikifaulu, ni sura ya urafiki kabla haijawa sura ya mtu.

Sasa nimefika kwenye filamu iliyo ngumu kuliko zote kwa hoja yangu, nami sina haki ya kuikwepa. Usiku wa tarehe 3 Desemba 1966, katika nyumba yake ndani ya hoteli ya Chelsea mjini New York, Shirley Clarke alianza kumpiga Jason Holliday, akaendelea hata asubuhi, muda wa saa 12 hivi. Filamu iliyotoka, Portrait of Jason ya mwaka 1967, yachukua dakika 105, na ndani yake hakuna mwingine aonekanaye isipokuwa Jason. Alikuwa Mmarekani mweusi, aliyewapenda wanaume wenzake wakati ambapo sheria na watu walimwandama mtu wa namna hiyo. Aliwahi kuwa mtumishi wa nyumba za matajiri, akaishi kwa ujanja, na alikuwa na ndoto ya kusimama jukwaani na onyesho lake mwenyewe. Mwanzoni kabisa atuambia jina lake, kisha atuambia jina jingine alilopewa alipozaliwa, Aaron Payne. Tangu hapo twajua kuwa tuko na mtu aliyejitunga.

Kwa muda mrefu yeye ndiye mshindi. Asimulia, acheka mpaka aanguka, aiga sauti, anywa, avuta. Kisha usiku wazidi, pombe yazidi, na sauti zilizo nyuma ya kamera zaanza kumkaza. Mmoja wa wasemaji hao ni Carl Lee, mwigizaji, ambaye alikuwa karibu sana na Clarke na alimjua Jason. Anamtuhumu, anamwita mwongo, na mwishowe Jason analia. Wako wanaosema kuwa hapo ndipo filamu ilipompata. Mimi nasema kuwa hapo ndipo ilipompoteza. Chozi lile lilidaiwa kama deni. Tena hatuna njia ya kujua kama mtu aliyejitunga kwa miaka yote ile hakutunga na kilio pia, akawapa waliokuwa wakimkaza kile walichokuwa wakikitaka ili wamwache. Mwenye kuvunja haya ya mtu ili apate ukweli huishia kutokuwa na hakika ya ukweli wenyewe. Wala tusisahau nani alikuwa upande upi: kamera ilikuwa ya mwanamke mweupe aliyezaliwa katika utajiri, na mbele yake alikaa mtu mweusi aliyewahi kulipwa kuwatumikia watu kama hao.

Pamoja na hayo siwezi kuitupa filamu hii, na sababu ni moja. Clarke hakuzikata sauti zile. Ilikuwa rahisi kuzifuta, tukabaki na Jason akilia peke yake kana kwamba majuto yamemjia mwenyewe. Ameziacha, pamoja na sauti yake mwenyewe ikitoa maagizo, na kwa sababu hiyo utepe umehifadhi kosa na ushahidi wa kosa. Katika filamu hii aliyefunuliwa kweli ni aliyekuwa nyuma ya kamera. Sijui kama ni sura njema ya Jason. Najua kuwa ni sura ya kweli ya chumba kile.

Jonas Mekas ana jibu jingine. Alizaliwa Lithuania mwaka 1922, akafika New York mwaka 1949 akiwa mkimbizi, na mpaka alipofariki mwaka 2019 hakuacha kupiga picha za watu waliomzunguka. Kamera yake haikai. Yatazama sekunde moja, yaruka, yarudi, yaenda kwenye dirisha lenye theluji, kwenye glasi, kwenye mtoto. Filamu yake ya mwaka 1997, Birth of a Nation, imekusanya sura 160 za watengenezaji filamu na wenzi wao, zilizopigwa baina ya 1955 na 1996. Anayeizoea kamera ya Warhol ataona kuwa hizi si sura, ni kupitiwa tu. Lakini sekunde chache za mtu mwaka mmoja, na chache tena miaka kumi baadaye, zina jambo ambalo dakika nne hazina: mtu amezeeka machoni petu bila kuombwa.

Rafiki yake na Mlithuania mwenzake, George Maciunas, mwanzilishi wa kundi la wasanii la Fluxus, aliugua saratani na kufa mwaka 1978. Mwaka 1992 Mekas alikamilisha Zefiro Torna, iliyotokana na vipande alivyompiga kwa miaka mingi. Twamwona Maciunas akila na rafiki zake, akifanya mizaha, akifunga ndoa katika miezi yake ya mwisho. Na juu ya picha twamsikia Mekas akisoma shajara yake ya siku za ugonjwa ule. Maumivu yamo katika maneno. Picha zimeachiwa furaha. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, na Mekas amemfaa mwenziwe kwa kukataa kumwonyesha alivyovunjika, bila kukana kuwa alivunjika.

Atakuja mwenye kupinga aseme: ukiwapa marafiki kamera utapata sifa tupu, jicho la urafiki lina upofu, nawe wataka tuusifu upofu. Hoja hii ina uzito. Zipo filamu nyingi za namna hii zilizo za kujipongeza, ambamo kikundi kidogo cha watu chajitazama na kujipenda, na wa nje haoni kwa nini aitwe. Lakini sikusema kuwa urafiki huleta sifa. Peremende ya mama wa Orkney si sifa. Mzee anayeyumba juu ya ukingo hajasifiwa. Anayekupenda hukuona zaidi ya adui, kwa maana ana muda zaidi. Ila hujua kuwa si kila alichokiona ni chake kukitangaza. Upofu ni kutokuona. Staha ni kuona na kuchagua.

Mambo haya si ya New York wala ya Orkney peke yake. Leo kila mwanafunzi ana kamera mfukoni, na washairi wetu wazee wako hai, na waimbaji wa taarabu, na mafundi wa kuchonga milango. Siku moja msomaji wa insha hii ataketi mbele ya mmoja wao na kuanza kumpiga picha. Ningependa wakati huo ajiulize kwanza anamtaka mzee huyo ampe nini. Kisha ajiulize kama mzee anaweza kukataa, na kama kukataa kwake kutabaki ndani ya filamu au kutakatwa. Mwisho ajiulize kama yuko tayari kuigeuza kamera pembeni, akamngoja, kisha akairudisha.